Uzi: Miaka 14 ya kutunga muziki wa filamu na tamthilia. Mtunzi ndiye huingia mlangoni wa mwisho

Kipande cha 17 (mwanzisha uzi)

Wakuu, salaam.

Kila baada ya siku chache anaingia mtu humu kuuliza anunue programu gani ili aanze kutunga muziki wa filamu. Anatajiwa programu tano, anashukuru, uzi unakufa. Mimi huwa napita kimya kimya. Leo nina usiku mrefu: nasubiri toleo jipya la picha kutoka kwa mhariri, la sita sasa, na faili linashuka kwa mwendo wa kinyonga. Acha niseme yaliyo moyoni. Nimefanya kazi hii miaka 14, filamu ndefu tisa, tamthilia nne za televisheni, filamu fupi sijazihesabu. Kaeni mkao wa kula.

Neno langu ni moja. Mtunzi wa muziki huingia mlangoni wa mwisho. Mwandishi ameshaandika, waigizaji wameshaigiza, kamera zimerudi kwenye masanduku yake, mhariri ameshakata. Fedha zimeliwa na tarehe ya kuonyesha imeshatangazwa. Ndipo simu yako inaita. Shida zote za kazi hii, muda kuwa finyu, malipo kuwa haba, muziki wako kutupwa, zinatokana na hapo. Asiyelijua hilo hulia kila mradi kwamba ameonewa.

Kikao cha kwanza mnakuwa watatu: wewe, mwongozaji na mhariri. Mnaitazama filamu tangu mwanzo, mnaisimamisha kila mahali. Hapa muziki unaingia, hapa unatoka. Unaandika dakika, sekunde na fremu, yaani zile picha mojamoja zinazounda filamu. Filamu ya dakika 100 inaweza kukupa vipande 30 au 40, kimoja cha sekunde 8, kingine cha dakika 5.

Asiyejua hudhani mnatafuta mahali pa kuweka muziki. Nusu ya kikao ni kutafuta mahali pa kutouweka. Mwongozaji asiyeliamini tukio lake atataka muziki hapo kabla ya kwingine kote. Mwigizaji hakulia vizuri, basi fidla zilie kwa niaba yake. Siku hizi nauliza swali moja tu: "Tukilitazama bila muziki, tunakosa nini?" Watu wananyamaza kidogo, halafu mmoja anasema, "Hatukosi kitu." Kipande kimoja kimepungua na filamu imepona kidogo.

Halafu msitegemee kuambiwa noti. Utaambiwa "nataka muziki wa kijivu", au "uwe wa huzuni ila usihuzunishe". Mwaka wangu wa pili mwongozaji mmoja alikataa kipande changu kwa neno moja: kizito. Nikatoa besi. Kizito. Nikatoa chelo, zile fidla kubwa za sauti nene, nikabakiza kinanda na filimbi. Bado kizito. Mara ya nne nikaacha kugusa vyombo, nikamuuliza huyu mama kwenye picha amefanya kosa gani. Akasema, "Hajafanya kosa lolote, ndiyo maana nalalamika. Muziki wako unamtia hatiani." Kumbe nilikuwa nimeanza muziki pale mama anapolitupia kabati jicho. Nikausogeza mbele sekunde tatu, uanze mwanawe anapoingia. Besi ikarudi, chelo zikarudi, na sikulisikia tena neno kizito.

Naendelea chini.

Kinanda Kibovu

Naweka kambi hapa. Ila mkuu, usije ukatuacha njiani kama wale wa "itaendelea" halafu hawaonekani mwaka mzima.

Kipande cha 17

Siendi popote mkuu, faili liko asilimia 22.

Sasa kuna kitu ambacho mimi nakiita muziki wa kuazima. Mhariri hawezi kukaa miezi mitatu anakata picha katika ukimya, kwa hiyo huweka chini yake muziki wa filamu nyingine ili apate mwendo. Mwongozaji anausikia mara mia. Siku unayoingia wewe ameshauzoea kama sauti ya mama yake. Wahenga walisema chelewa chelewa utakuta mwana si wako. Mtunzi wala hakuchelewa, amecheleweshwa, na mwana si wake vilevile.

Hili halina mkubwa wala mdogo. Alex North alikuwa mtunzi mwenye jina, ndiye aliyetunga muziki wa A Streetcar Named Desire mwaka 1951. Mwongozaji Stanley Kubrick akamwita atunge wa 2001: A Space Odyssey, iliyotoka 1968. North akatunga, akarekodi na okestra. Kubrick kumbe alikuwa ameshazama kwenye rekodi za watunzi Richard Strauss, Johann Strauss na Ligeti alizokuwa akihariria, akaamua kubaki nazo. North alikwenda kuitazama filamu, akakaa kitini, akagundua kwamba muziki wake haumo hata kidogo. Jaribuni kujiweka kwenye kiti kile.

Na kuiokoa filamu ya mtu leo si kinga ya kesho. Bernard Herrmann alitungia Psycho ya 1960 muziki wa vyombo vya nyuzi tupu, hakuna tarumbeta wala ngoma. Mwongozaji, Hitchcock, alikuwa hataki muziki kabisa kwenye tukio la mauaji bafuni. Herrmann akautunga hivyo hivyo, akamsikilizisha, Hitchcock akageuza mawazo. Leo ukilitaja tukio lile mtu hukuigizia zile fidla zinazopiga kelele kabla hajakumbuka kisu. Miaka sita baadaye, kwenye Torn Curtain, haohao wawili waligombana wakati wa kurekodi, Herrmann akaondolewa, na hawakufanya filamu pamoja tena.

Niwaonyeshe mkono wenyewe unavyofanya kazi, maana nadharia zimekuwa nyingi. Filamu niliyo nayo sasa ina tukio la barua. Dada anafungua bahasha, anasoma barua ya baba yake, anaikunja, na mlango ulio nyuma yake unajifunga kwa kishindo. Muziki unaanza kwenye bahasha. Mlango unajifunga sekunde 23.5 baadaye. Nilitaka sauti ya chini ya chelo itue palepale kwenye kishindo.

Kichwani nilisikia mwendo wa mapigo 72 kwa dakika, kama moyo wa mtu aliyetulia. Vipimo saba vya mapigo manne manne ni mapigo 28, na kwa mwendo huo yanachukua sekunde 23.33. Mlango uko 23.5. Tofauti ni fremu nne, ikiwa filamu ni ya fremu 24 kwa sekunde. Mtasema fremu nne ni kufumba na kufumbua. Lakini muziki ukiwahi hata hapo, unakuwa kama umbea: umejua mlango utajifunga kabla mlango wenyewe haujajua. Nikashusha mwendo hadi 71.5. Mapigo 28 yakatosha, chelo na mlango vikatua pamoja. Raha yake hamuijui.

Toleo la tano, mhariri akakata sekunde 2. Mlango ukahamia 21.5. Ukiyalazimisha mapigo yaleyale 28 yaingie humo, mwendo unapanda hadi 78 na dada anaonekana kama anawahi gari. Nikatoa mapigo mawili: vipimo sita vya manne, kimoja cha mawili, jumla 26, mwendo 72.5. Hakuna atakayekitambua kile kipimo kifupi. Atahisi tu kwamba pumzi imekatika kidogo kabla ya mlango. Kusema kweli kipande kikawa bora kuliko kile cha kwanza. Mhariri sijamwambia.

Zamani hesabu hizi zilifanywa kwa kutoboa matundu kwenye mkanda wa filamu, yakipita yanatoa mlio wa tik tik masikioni mwa kiongozi wa okestra. Max Steiner, yule mtunzi wa King Kong ya 1933, ni miongoni mwa walioufanya mtindo huo uwe wa kawaida Hollywood. Siku hizi kompyuta inapiga tik yenyewe. Pigo lipi litolewe, hiyo bado ni kazi yako.

Mkasi

Mkuu umeandika vizuri ila mimi ni mhariri na nimechomwa.

Huo muziki wa kuazima mnaoulalamikia, mnadhani tunauweka kwa kuupenda? Mtayarishaji anakuja kuangalia toleo la kwanza. Ukimwonyesha kimya, anasema filamu imepoa, kata zaidi. Ukiweka muziki, ghafla anasema usiguse kitu. Muziki huo unanilinda mimi na unailinda filamu. Dawa si kutulaumu sisi, ni ninyi kuja mapema. Mradi wangu uliopita mtunzi alinitumia dakika 12 za michoro tu, yaani rasimu za muziki, kinanda na sauti ya kompyuta, kabla kamera haijawashwa. Nilihariri juu ya muziki wake tangu siku ya kwanza. Hakukuwa na cha kuazima, wala cha kugombania.

Na si jambo jipya. Mtunzi Ennio Morricone alimtungia mwongozaji Sergio Leone muziki wa Once Upon a Time in the West, ya 1968, kabla ya kupiga picha, na Leone akawa anaupiga palepale kwenye eneo la kazi, waigizaji wakitembea kwa mwendo wake. Iangalieni ile filamu mwone watu wanavyotembea.

Kipande cha 17

Mkasi, hapo umenipiga na sina pa kujificha. Nitaongeza na wa juzi juzi: Hildur Guðnadóttir alitunga muziki wa Joker akiwa na hati ya filamu tu mkononi, kabla ya picha. Lile tukio la mwigizaji kucheza peke yake chooni lilizaliwa baada ya mwongozaji kumpigia muziki wa chelo aliotumiwa na Hildur. Hildur akapata Oscar mwaka 2020. Kwa hiyo ndiyo, ukiingia mapema unakuwa miongoni mwa wazazi wa filamu.

Lakini nikuulize, yule mtunzi wako wa dakika 12 alilipwa lini? Nina kazi kama tatu hivi za michoro kwenye kompyuta yangu, za filamu ambazo fedha hazikupatikana. Nilitunga kwa imani. Morricone na Leone walikuwa wameshafanya filamu kadhaa pamoja kufikia hapo, tena walikuwa darasa moja shule ya msingi. Aliye nje hana huo mlango. Anasubiri simu kama mimi.

Mkasi

Alilipwa nusu mwanzoni. Mtayarishaji alinuna wiki nzima lakini alilipa. Haya, tumalizie hapo, bado nakudai kikombe cha amani.

Sijui Noti

Mkuu naomba kuuliza. Napiga kinanda kwa kusikia, noti sisomi. Je, nina nafasi? Na unaanzaje, unapeleka kazi zako wapi?

Kipande cha 17

Nafasi unayo. Mtunzi Danny Elfman ametoka kwenye bendi ya rock, hakupita chuo cha muziki. Ila usilitumie jina lake kama kisingizio cha uvivu, na nitakwambia kwa nini.

Ukiangalia waliofika mbali, karibu wote walipitia kivulini kwa mtu. John Williams, yule wa Star Wars, kabla hajawa John Williams alikuwa mpiga kinanda wa studio. Kile kinanda cha Peter Gunn, tamthilia ya 1958 iliyotungiwa muziki na Henry Mancini, ni chake. Morricone alikuwa anapanga vyombo kwenye nyimbo za watu katika kampuni ya rekodi ya RCA kule Italia. Hans Zimmer alitoka kwenye bendi, akawa msaidizi wa mtunzi Stanley Myers, London. Ramin Djawadi wa Game of Thrones naye akapitia kwa Zimmer. Kwa hiyo swali la "napeleka wapi kazi zangu" mimi ningeligeuza: nani ana kazi nyingi kuliko usingizi wake, na wewe unaweza kumpunguzia nini?

Mimi nilikuwa msaidizi miaka mitatu. Mwaka wa kwanza nilipanga faili na kutaja majina ya vipande. Wa pili nikaandaa karatasi za wapigaji. Wa tatu bosi akaanza kusema "hebu nitungie hiki cha sekunde 40, kiwe kama kile changu". Kisha cha dakika mbili. Kisha nusu ya filamu. Jina langu halikuonekana popote. Nililalamika? Ndiyo, chumbani kwangu. Ukikubali kutunga kivulini, kubali kwa kuandikiana, ujue unauza nini. Mimi sikuandikiana, na filamu moja ambayo watu huniimbia wimbo wake bila kujua ni wangu, siwezi hata kuitaja hapa.

Sasa noti. Unaweza kutunga kila kitu kwenye kompyuta kwa sampuli, yaani sauti za vyombo zilizorekodiwa tayari, na kazi nyingi za televisheni zinaishia hapo. Lakini siku bajeti ikikupa wapigaji wa kweli, wao wanasoma karatasi, na saa ya studio ni saa ya fedha. Mara yangu ya kwanza na okestra ya watu 40, kipande cha kwanza kilipoanza nikasikia tarumbeta zinapiga kitu cha ajabu. Zilikuwa chini ya wenzao kwa hatua moja nzima. Nikadhani wamelewa. Kiongozi akasimamisha, mpigaji mmoja mzee akainua karatasi yake na kuuliza kwa upole, "Kijana, hizi umetuandikia kama kinanda?" Tarumbeta ya kawaida ikisoma C hutoa B bemoli, yaani hatua moja nzima chini, na programu yangu ilinichapia noti za kinanda tupu kwa sababu nilisahau alama moja kwenye mipangilio. Dakika 11 watu 40 walikaa wakinitazama nikirekebisha. Yule mzee alianza kuhamisha noti kichwani na kuwaambia wenzake wapige hivyo hivyo, akaniokoa. Kwa hiyo ndugu yangu, jifunze noti. Miezi sita ya uchungu kidogo kidogo inatosha kukutoa aibu ile.

Hesabu Kwanza

Yote sawa. Pesa sasa. Mnalipwaje?

Kipande cha 17

Nilijua utakuja.

Pesa ni za aina mbili. Ya kwanza ni ya kutunga, unapewa kwa mafungu: kusaini, kukabidhi michoro, kukabidhi kazi. Siku hizi wengi wanakupa kifurushi: kiasi kimoja kimefunika kutunga, kurekodi, wapigaji, studio na kuchanganya sauti. Kinachobaki ndicho mshahara wako. Filamu yangu ya kwanza ya kifurushi niliiajiria nyuzi za kweli kwa sababu niliipenda mno, nikamaliza nikiwa nadaiwa mimi. Filamu ilisifiwa kwa nyuzi zake.

Ya pili ni mirabaha, na hii ndiyo wengi wanaiacha mezani. Muziki wako ukirushwa kwenye televisheni, kituo kinalipa chama cha kusimamia haki, chama kinakulipa wewe. Chanzo cha vyama hivi ni kisa kitamu: Paris, mwaka 1847, mtunzi wa nyimbo Ernest Bourget alikaa kwenye mgahawa wenye muziki, akasikia bendi inapiga kazi yake, akagoma kulipia kinywaji. Mnakula muziki wangu bure, basi na mimi nakunywa bure. Wakafika mahakamani, akashinda, na mwaka 1851 ikazaliwa SACEM, ambayo ipo hadi leo. Nikikata tamaa na mikataba namkumbuka huyu bwana na glasi yake.

Ila chama hakina masikio. Kinalipa kwa kusoma orodha ya vipande: jina la kila kipande, nani katunga, kimechukua dakika na sekunde ngapi, kimetumikaje. Orodha hiyo huandaliwa na upande wa uzalishaji baada ya kazi kukamilika, yaani wakati ambao kila mtu amechoka na ameshahamia mradi mwingine. Tamthilia yangu ya pili ilirushwa msimu mzima na mimi sikupata kitu. Nilifuatilia miezi saba. Orodha haikuwa imewasilishwa, ilikuwa kwenye barua pepe ya mtu aliyeacha kazi. Tangu siku ile orodha naiandaa mwenyewe, naipeleka kwa mtayarishaji aisaini, na nakala naituma kwenye chama changu. Kila kipande kina namba. Jina langu la humu limetoka huko, hiki cha barua ni cha 17.

Mambo mawili ya haraka. Marekani kumbi za sinema haziwalipi watunzi mirabaha ya kuonyesha filamu, wakati nchi nyingi za Ulaya zinalipa. Kwa hiyo filamu ileile, umati uleule, hela tofauti. Na kwenye mkataba soma neno linalosema muziki ni mali ya kampuni tangu unapotungwa. Huko Marekani ni jambo la kawaida, na mara nyingi unabakiza fungu lako la mirabaha kama mtunzi. Kuna mikataba mingine inakunyang'anya hata hilo, wanakulipa mara moja na mnaagana milele. Hiyo ikija, bei yako ipande. Wakikataa ipande, fikiria mara mbili.

Vipindi Kumi

Mimi nipo televisheni tu, niongezee kidogo kwa wanaodhani ni filamu ndogo.

Kwenye filamu unakuwa na wiki kadhaa kwa dakika 100. Kwenye tamthilia kipindi kinachanganywa sauti huku cha pili kinahaririwa na cha tatu kinapigwa picha, na kila siku saba au kumi unatakiwa ukabidhi dakika 25. Huna muda wa kubuni kila mara. Kwa hiyo wiki za mwanzo, kabla moto haujawaka, unatunga mbegu: wimbo wa familia hii, mlio wa siri ile, sauti ya nyumba. Halafu msimu mzima unapika kwa mbegu zile.

Faida yake ni kwamba una saa nyingi za kumzoesha msikilizaji kitu, kisha ukimnyima au ukimgeuzia, anashtuka. Djawadi aliketi misimu mitano ya Game of Thrones bila kukipa kinanda nafasi. Mwisho wa msimu wa sita, mwaka 2016, tukio la kwanza tu, kinanda kinaanza taratibu. Watu walijua kuna maafa yanakuja kabla hawajajua kwa nini wanajua. Filamu haikupi miaka sita ya kutega mtego.

Na kuna wanaokataa vyombo vyenyewe. Hildur huyohuyo aliyetajwa, kwenye tamthilia ya Chernobyl ya 2019, alikwenda kurekodi milango, mabomba na ukimya wa kinu cha nyuklia kilichofungwa kule Lithuania, akatengenezea muziki kwa sauti hizo. Ukiisikiliza unahisi jengo linapumua.

Kipande cha 17

Vipindi Kumi, asante kwa madini. Hiyo ya mbegu ni kweli tupu, mimi msimu wangu wa kwanza sikuwa na mbegu, kipindi cha sita nilikuwa najiibia mwenyewe.

Kinanda Kibovu

Na akili mnemba je? Si itawamaliza wote kabla hatujaingia?

Kipande cha 17

Imeshachukua, tena si kidogo: muziki wa nyuma ya video za maelekezo, wa matangazo madogo, ule usio na mwenyewe. Huko ndiko vijana wengi walikuwa wanapatia hela ya kwanza, kwa hiyo sitakudanganya kwamba haiumi. Ila nangoja kuona itakapokaa kikaoni, iambiwe "kizito" mara tatu, na kwa mara ya nne iulize huyu mama amefanya kosa gani.

Sijui Noti

Mkuu swali la mwisho, samahani nimekuganda. Unajuaje kipande kimekamilika?

Kipande cha 17

Hujui. Wanakunyang'anya.

Subiri kidogo, faili limefika. Asilimia 100. Acha nione hili toleo la sita.

Mkasi

Leta habari. Kama amekata tena sekunde, mwambie ana baraka zangu.

Kipande cha 17

Nimerudi.

Nimeruka moja kwa moja hadi kwenye barua. Urefu ni uleule, mlango uko 21.5, hakugusa hata fremu. Dada anafungua bahasha. Karatasi inasikika inavyokunjuka, sikuwahi kuisikia kwa sababu chelo zilikuwa juu yake. Anasoma. Anavuta pumzi mara moja tu. Mlango unajifunga, na nimeruka kwenye kiti wakati najua kabisa uko wapi.

Muziki haumo. Chini ya faili kuna ujumbe wa mhariri: "Tukio la barua tumelitazama bila muziki, mimi na mwongozaji. Tumejiuliza lile swali lako. Hatukosi kitu."

Vipande vimebaki 31. Nafuta mstari wa 17 kwenye orodha, sekunde 41 zimeondoka, halafu nalala.